Mtu Aliyegonga Muhuri Kwenye Saa Sita

Kwa miaka mingi nilishona nguo katika kibanda kilichotenganishwa na chake kwa bati moja tu, huko Kadutu, mjini Bukavu, mahali ambapo mteremko ni mkali kiasi kwamba ukiangusha kitufe unakiaga. Yeye alikuwa mchonga mihuri. Alichonga ile mihuri ya mpira inayogongwa kwenye vyeti, barua na kadi za vikundi, ambayo kwetu huitwa cachet, na mtaa mzima tulimwita Papa Cachet. Jina lake la ubatizo walilijua mke wake na padri tu, na mke wake hakuwa na haja nalo. Sitaanza na kuzaliwa kwake wala ukoo wake. Kila nilipomuuliza alinipa jibu jipya, na mimi nilichoka kushangaa.

Mpira aliupata kwenye soli za sandali zilizokwisha kazi. Alichonga kwa wembe, herufi zikitazama nyuma, ili zikigongwa kwenye karatasi zitazame mbele. Baada ya miaka ya kazi hiyo mkono wake ulisahau njia nyingine. Hata orodha ya vitu vya sokoni aliiandika kinyume, na mke wake ilimbidi aende sokoni na kioo kidogo kwenye pochi. Nilimwona siku moja mbele ya muuza sambaza, wale dagaa wa ziwani, karatasi mkono huu, kioo mkono ule, akisoma kwa sauti, watu wamemzunguka kimya wakidhani ni maombi. Mmoja alijibu amina.

Aliamini muhuri kuliko macho yake. Kitu kisicho na muhuri kwake kilikuwa bado ni uvumi. Dada yangu alipojifungua salama, nilipenyeza kichwa kwenye pengo la bati nikamwambia kwa furaha. Aliinua miwani.

"Iko na papier?" aliuliza.

"Papa, mutoto amezaliwa jana!"

"Basi tutangoja papier. Kisha nitafurahi."

Na kweli alingoja. Cheti kilipotoka alikuja kunipa pongezi, na huyo mtoto alikuwa tayari anakaa.

Jambo jingine lililonitia wazimu ni saa. Mlangoni pake alibandika karatasi: "Ninafungua saa mbili kamili. Mwenye kuchelewa arudi kesho." Yeye mwenyewe alifika saa tatu. Sisemi mara moja moja, nasema kila siku ya kazi aliyopewa na Mungu. Alipanda ngazi kwa maringo ya mtu aliyewahi, akawakuta wateja wamekaa kwenye ngazi wakipiga miayo, akawasifu: "Munafika mbele ya saa! Njo vizuri, njo vizuri." Mwanzoni nilidhani anatania. Baadaye nikadhani ni kiburi. Kumbe ilikuwa radio.

Alikuwa na radio ndogo iliyofungwa kwa mpira wa baiskeli, na betri zake alizihurumia kama vifaranga. Aliiwasha mara moja kwa siku, kusikia saa ya taifa. Mtangazaji akasema: "Ni saa sita kamili huko Kinshasa," naye, tik, anazima. Maneno yanayofuata, kwamba upande wetu wa mashariki ni saa saba, hayakuwahi kuingia masikioni mwake. Betri zilihifadhiwa. Saa ya ukutani ikawekwa sawa, na mtu akabaki nyuma yetu kwa saa nzima.

Msidhani hatukumwambia. Mimi nilimwonyesha simu yangu zaidi ya mara moja.

"Angalia, Papa. Simu inasema saa saba."

Alinitazama kwa huruma. "Maman, weye unashona vizuri, lakini akili ni kidogo. Simu yako inashika réseau ya Rwanda. Hiyo ni saa ya ng'ambo."

"Na kengele ya parokia?"

"Mapadri banafwata saa ya Roma."

"Na shule? Na banki? Na batu bote ba Bukavu?"

"Inchi iko moja," alisema, "na saa iko moja. Miye sitafwata ya ng'ambo juu tu mupaka iko karibu."

Utamjibu nini mtu kama huyo? Hapa kwetu simu kweli hudaka mtandao wa ng'ambo ukikaa upande mbaya wa mlima, kila mtu anajua, kwa hiyo uongo wake ulikuwa na mguu mmoja wa ukweli, na kwa mguu huo alisimama miaka yote. Mtaa ulimzoea. Ukimwalika saa nane unamwambia saa saba, na mambo yanakwenda.

Mke wake ndiye aliyekataa kupunguza hiyo saa moja. Alikuwa mwanamke mfupi, msafi, mwenye sauti inayofika mbali, na alichokisema alikisema mara moja. Siku kwaya ya parokia ilipompa heshima mbele ya watu kwa kuimba tangu ujana wake, mume wake ndiye aliyepaswa kusema neno. Huyo mama aliimba wimbo wa peke yake huku akitazama mlango. Mzee alifika amevaa koti, hotuba mkononi (imeandikwa kinyume, bila shaka), wakati vijana wanapanga viti ukutani. "Nimefika saa kamili," alitangaza. Siku ya tatu mama alifunga begi akaenda kwa kaka yake, huko Mudaka, na mlangoni pa kibanda alimwachia maneno haya, nami nikiyasikia kupitia bati:

"Kila siku ya Mungu saa sita nitapakua bugali. Ukifika ingali moto, tutakula na nitarudi na weye. Ukifika imepoa, bakia na saa yako."

Basi kila Jumapili, ndiyo siku ya Mungu, Papa Cachet alipanda motari, pikipiki ya kukodi, kwenda Mudaka, na kila Jumapili alifika saa sita yake, ambayo ni saa saba ya wote. Bugali imekuwa ngumu, sombe, mboga ya majani ya muhogo, imemalizwa na shemeji, sahani zimeoshwa. Alirudi jioni na tumbo tupu na hasira kamili.

"Anapika saa tano!" alinilalamikia. "Anafanya kusudi! Anataka niaibike mbele ya shemeji!"

Nilijaribu tena na simu yangu. Alifumba macho.

Hata hivyo alikuwa anakonda. Mimi naye tulikuwa tunagombana kila asubuhi, lakini niliposikia upande wa pili wa bati jinsi anavyojipikia huku akiongea na sufuria, nikamwonea huruma ya kweli. Alimtaka mke wake arudi. Hakujua tu kuomba kwa njia nyingine isipokuwa kwa kuthibitisha kwamba yuko sahihi.

Siku moja aliibuka na neno lake kubwa. "Maman, nimejua shida iko wapi. Saa inakosa cachet. Njo maana kila mutu anasema yake."

Aliniomba kichwa cha cherehani yangu iliyokufa. Mahali pa sindano alifunga muhuri, chini yake akalaza saa ya ukutani isiyo na kioo, pembeni akaweka gurudumu dogo la kuchagua siku, na springi ya baiskeli ya kurudisha mkono juu. Wino wa zambarau aliuchemsha mwenyewe na hakunieleza ameweka nini, ila kibanda changu kilinuka kitunguu kwa wiki mbili. Unaelekeza mishale kwenye saa unayoitaka, unachagua siku, unazungusha gurudumu la cherehani, na muhuri unashuka haugusi karatasi wala mbao. Unagonga hewa. Tchak! Na ile alama inaingia ndani ya wakati wenyewe, ile saa uliyoichagua.

Nilicheka mpaka nikaketi. Alhamisi iliyofuata sikucheka.

Alikuwa ameujaribu kwa alama ya kuku, kwa sababu muuza kuku mmoja alimwagiza muhuri wa kuku na ulikuwa karibu na mkono. Alielekeza mishale Alhamisi saa nne, na ilipofika saa nne yake, saa tano ya sisi wengine, kuku wa zambarau alitokea kwenye kila kitu kilicho bapa au laini tangu kibandani kwake mpaka bombani pa maji. Kwenye bati. Kwenye chapati ya muuza chai. Kwenye kipara cha mkuu wa mtaa, aliyekuwa amevua kofia ajifute jasho. Na kwenye gauni jeupe la bibi harusi nililokuwa nimelitandaza mezani tangu asubuhi. Nilipiga kelele iliyosikika labda mpaka mtaa wa Nyawera. Unahesabu mpaka tano, kuku anaondoka bila kuacha doa. Nilipomaliza kelele, gauni lilikuwa jeupe na mimi ndiye niliyeonekana mwenda wazimu. Alhamisi iliyofuata, saa ile ile, kuku alirudi. Hata leo anarudi. Muhuri ukishagongwa kwenye saa hautoki.

Watu wetu hawakawii kuona faida. Mkuu wa mtaa alisahau kipara chake akaomba alama ya jembe kwa ajili ya salongo, ile kazi ya pamoja ya Jumamosi ya kuzibua mifereji, ianze saa moja bila visingizio. Jembe lilitokea kwenye milango saa mbili. Kuanzia hapo hakuna mtu aliyekubali kutoka nyumbani kabla ya kuliona jembe mlangoni pake. Mkuu alikuja amefura.

"Papa Cachet, umeniharibia salongo!"

"Chef," alimjibu bila kuinua kichwa, "weye njo unawahi sana."

Akina mama wa kwaya nao waliomba awagongee kanisani alama ya kengele, ya kuanza kwa misa ya Jumapili, saa mbili. Ilitokea saa tatu, katikati ya mahubiri, kwenye ukuta, kwenye kurasa za kitabu na kwenye paji la uso la padri mwenyewe. Waumini waliielewa wanavyotaka. Wakasema amina, wakasimama. Padri alikuja kibandani siku iliyofuata, mpole lakini amekunja uso.

"Papa, hii kengele inanikatiya mahubiri."

"Padri, inatokea saa mbili kamili. Kama saa mbili uko tayari mu mahubiri, misa ulianza saa ngapi?"

Padri aliomba maji ya kunywa. Tangu siku ile mahubiri yalipungua urefu, na kuna wazee parokiani waliokuwa wakimwinulia Papa Cachet kofia barabarani.

Lakini hayo yote yalikuwa majaribio tu. Jumapili moja aliifunga mashine kwenye blanketi, akaipakata kwenye motari kama mtoto, akaenda nayo Mudaka. Katikati ya kiwanja cha shemeji, mbele ya shemeji na mbuzi wawili, alielekeza mishale kwenye saa sita, akachagua Jumapili, akagonga alama ya kijiko. Mke wake alitazama kutoka jikoni, mikono kiunoni. Jumapili ya pili yake alienda mapema, mapema yake, akasimama pale pale. Saa saba ya watu wote, vijiko vya zambarau vilijaa kiwanjani: kwenye majani ya migomba, kwenye benchi, kwenye sahani zilizoanikwa baada ya kuoshwa.

"Umeona?" alipiga kelele. "Saa sita imejionyesha yenyewe!"

"Nimeona," mke wake alisema. "Imefika saa saba." Akaingia ndani.

Alirudi kwangu akiwa mdogo kuliko alivyokwenda. Wiki ile ile malaria ikamwangusha. Jumapili ilipofika hakuweza kusimama, akanituma mimi.

"Umuambie saa sita itafika," alisema, meno yakigongana, "ata kama miye siko."

Nilipanda motari na mpango wangu mwenyewe. Nilimkuta mama jikoni, anasonga. Sikuzungusha maneno.

"Dada, songeza chungu mbele. Saa moja tu. Yeye hatabadilika, weye unaweza."

Aliuelekeza mwiko kwangu. "Nisongeze saa juu ya mutu mwenye hataki kusikia radio mpaka mwisho? Siku padri alikuya kula kwetu na akachelewa, nilipakua bila yeye. Miye sisongezi bugali."

Saa sita alipakua. Mahali pa mume wake aliweka sahani, hilo sikulitegemea. Tulikula, ile sahani ikapoa. Tukaosha, tukaanika vyombo juani. Saa saba tulikuwa tumekaa kwenye benchi, yeye ananiuliza mgonjwa anakula nini.

"Uji."

"Nani anapika?"

"Miye."

"Weye unatiaka chumvi mingi," alisema.

Na hapo vijiko vikatokea. Kimoja kwenye kila sahani safi, kimoja kwenye benchi kati yetu. Safari hii hakukuwa na mtu wa kupiga kelele wala wa kudai ushindi. Mama alitazama sahani ya mumewe mpaka kijiko kikafifia.

"Yeye hakukuya," alisema polepole, "na kijiko imekuya."

Alijifuta macho kwa kitenge. Aliniambia ni moshi, na moto tulikuwa tumeuzima zamani.

Jumapili iliyofuata alikoka moto kwa kuchelewa. Mzee, bado amekonda, aliingia kiwanjani saa saba akakuta mvuke unapanda. Kaka mtu ndiye aliyenisimulia kwamba alisimama tu, kofia mkononi, akasahau hata kusema "nimefika saa kamili". Jioni walishuka Kadutu pamoja na lile begi. Mzee alitembea mtaani kama waziri, akimwambia kila mtu kwamba mke wake hatimaye amekubali saa ya État, saa ya serikali.

Mimi nilifunga mdomo. Mama aliniapisha. "Ukimuambia, nguo zangu nitashonesha kwa mwingine." Tangu hapo aliendesha nyumba nzima kwa saa ya mume wake. Chakula cha mchana kilipakuliwa saa saba, na alikiita cha saa sita bila kupepesa jicho. Ila saa sita ya kweli ilipofika alikuja kibandani kwangu, akafunga pazia, akala muhogo wa kuchemsha haraka haraka. "Tumbo yangu haifwate Kinshasa," alininong'oneza. Miaka ikapita hivyo. Nilikuwa nafurahi kwamba mzee hajui, na wakati mwingine, nisidanganye, nilimdharau kidogo kwa kutojua.

Mara ya mwisho kuongea naye kwa kirefu ilikuwa msimu huu wa jua. Alikuwa ameanza kuacha kazi, vidole vinatetemeka. Nilikuwa natoka kumpima mteja kule chini, ni saa sita na jua ni kali, nikamkuta amekaa peke yake kwenye ngazi za ukuta uliobomoka, nyuma ya bomba, mahali ambapo huonekani kutoka nyumbani kwake. Amevaa koti. Kofia gotini.

"Papa, uko mugonjwa?"

"Apana, maman. Ninangojea kuchelewa."

Nilidhani umri umemfikia. Nikaketi kando yake nimsindikize nyumbani taratibu. Akacheka.

"Unaniona nimepotea akili. Sikiliza. Siku moja nilienda kwa kinyozi. Radio yake inasema saa sita kamili huko Kinshasa. Nikataka kusimama nizime, lakini wembe iko hapa." Aligusa koo. "Nikatulia. Basi nikasikia mpaka mwisho."

"Ilikuwa lini?"

"Ni zamani. Mwaka wa pili tangu arudi."

"Na haukusema?"

"Nilikaa kwa kinyozi ndevu upande moja, ninahesabu. Ile bugali yote iliyopoa. Padri. Chef. Nikasema, basi, bibi yangu anapika saa ngapi sasa?" Aligeuza kofia gotini. "Maman, huyu mwanamuke hakusongeza bugali ata kwa padri. Akasongeza kwa miye. Kila siku anasongeza. Nikimuambia nimejua, ni kama ninamurudishia kitu alinipa. Njo ninatoka saa sita ya kweli, ninajificha asinione, ninangoja saa yake moja ipite."

"Kila siku?"

"Kila siku."

"Na mvua ikinyesha?"

"Mvua ikinyesha ninajifungia mu atelier, pale nyuma ya bati." Alinitazama pembeni ya miwani. "Ninabasikia, nyinyi wawili, munatafuna muhogo. Na miye njaa inaniuma."

Nilicheka mpaka machozi yakatoka, kisha machozi yakaendelea yenyewe bila kicheko. Nilikuwa na ndizi mbili kwenye mfuko, nikampa moja. Alikataa, akisema mama ataona hakumaliza sahani. Niliirudisha mfukoni. Akasema, bila kunitazama:

"Ile siku ya kwaya nilichelewa kweli. Miaka yote nilikuwa ninamuambia nilifika saa kamili. Aliimba, na miye sikumusikia."

Nilimshika mkono, ule mkono wenye wino wa zambarau usiotoka kwenye kucha, na tulingoja. Saa saba ilipokaribia alivaa kofia, akashuka ngazi mbili akazipanda tena, kwa haraka, mara tatu, ili afike anahema. Kisha akakata kona. Nilibaki nyuma ya ukuta na nikasikia mlango unafunguliwa, mwiko unawekwa chini, na sauti ya mama, ile inayofika mbali.

"Unaona? Bugali ingali moto. Ukitaka, unaweza kuwahi."

"Aksanti, maman," alisema. "Ninajaribu."